Wiki Isiyo na Siku ya Saba

Usiku wa kuamkia leo niliota mbuzi wa akika ananigongea mlango.

Alibisha hodi kama mtu mwenye adabu zake, kisha akangoja. Nilipofungua nilimkuta amesimama kizingitini, ameishika ncha ya kamba yake kwa mdomo ili isiburuzike kwenye vumbi. Akaitema kamba, akanisalimia, akasema amekuja kuulizia kazi yake.

"Kazi gani?" nikamwuliza.

"Baba, mimi nililetwa hapa kwa kazi moja tu," akasema mbuzi. "Siku ya saba ndiyo ilikuwa yangu. Siku hiyo imepita, sijachinjwa wala sijarudishwa kwa mwenyewe. Nakula majani ya watu bure. Mbuzi mwenye haya hawezi kukaa hivi."

Nikampa pole. Sikushangaa hata kidogo kwamba anaongea. Nilichoona ni kwamba ana haki.

Mbuzi huyo ni wa kweli. Yuko nyuma ya nyumba yetu hapa Korogwe, amefungwa karibu na karo la kufulia. Nilimleta siku mke wangu Mwajabu alipojifungua binti. Katika ukoo wetu mtoto hunyolewa nywele alizozaliwa nazo siku ya saba, mbuzi akachinjwa, na shangazi yake, wembe ukiwa kichwani pa mtoto, akalitamka jina kwa mara ya kwanza. Kabla ya hapo mtoto huitwa mgeni. Mgeni wetu alipata homa siku ya sita, akafa jua likiwa linaelekea kuzama. Na kwa hesabu za kwetu siku mpya huingia jua likizama. Siku ya saba ilikuwa njiani.

Akazikwa bila jina, na nywele zake zote, nyeusi, nyingi, zimelala upande mmoja. Ustadhi alisema si vibaya, mpeni jina. Lakini dada yangu Mwantumu, ambaye ndiye shangazi na ndiye mwenye wembe, alilia akasema hawezi kunyoa hewa. Tangu hapo Mwajabu amekaa kitandani akitazama ukuta, machozi hayamtoki. Watu wanamwambia Mungu atampa mwingine, naye anawaitikia vizuri. Wakishaondoka ananigeukia: "Nimlilie kwa jina gani?" Mimi ni mpiga chapa, kazi yangu hasa ni kalenda.

Turudi kwenye ndoto. Mbuzi alisema tufuatane, nikavaa viatu. Tulipotoka chumbani tukaingia moja kwa moja kwenye kiwanda chetu cha kupiga chapa, ingawa kwa kawaida ni lazima uvuke soko zima kukifikia. Hapakuwa na mtu. Mashine inajiendesha yenyewe, inatema karatasi za kalenda, na ndani ya visanduku vya tarehe hamna tarehe, mna mikeka. Naokota karatasi moja. Kazi ni nzuri, rangi hazijapishana. Naigeuza upande wa pili nione kama wino umepenya, na upande wa pili ni nchi.

"Pita," akasema mbuzi. "Mimi nitafuata nyuma, nina pembe."

Nikapita. Mlangoni mwa nchi ile palikuwa na foleni ya watu waliovaa sare moja, wamesimama wima, wengine wanasinzia. Nikamsalimia wa mbele nikamwuliza wao ni nani.

"Sisi ni siku za mwizi," akasema. "Mimi ndiye wa arobaini. Hao wenzangu walishamaliza zamu zao, wananisubiri."

"Mwizi yuko wapi?"

"Hajafika. Atafika tu." Akanitazama mikononi. "Wewe hujaiba kitu?"

"Mimi nimeibiwa," nikasema.

Akasogea pembeni. "Wa kuibiwa hawana siku maalumu," akasema. "Pita tu."

Nchi yenyewe ilikuwa uwanda mkavu, na katikati yake ukuta mmoja usio na nyumba. Kwenye ukuta ule palikuwa na msumari wa inchi nne, umepinda shingo, na msumari ule ulikuwa umeshikilia mwaka mzima. Mwaka ulining'inia kama kalenda yoyote ya dukani, ila ulikuwa mkubwa kiasi kwamba upande wake wa chini ulifunikwa na mchanga.

"Usiguse," akasema Msumari. "Mwaka wa hapa ukidondoka hauokoteki."

"Mimi ni fundi wa kalenda," nikasema.

"Kila anayefika hapa ana ufundi wake. Soma kwanza."

Nikasoma. Juu kabisa, pale ambapo mimi hupanga Jumamosi mpaka Ijumaa, palikuwa na majina mengine. Siku ya Kulala. Siku ya Kunyonya. Siku ya Chafya. Siku ya Kukunja Ngumi. Siku ya Kugeukia Sauti. Siku ya Homa. Baada ya Siku ya Homa palikuwa na nafasi nyeupe, pana, safi, kisha mstari wa pili unaanza tena na Siku ya Kulala. Mwaka wote ulikuwa hivyohivyo, na kila mstari una nafasi nyeupe mwishoni.

"Pana kosa," nikasema. "Wiki ina siku saba. Kazi kama hii mteja angenirushia usoni."

"Hebu soma tena."

Nikasoma tena, safari hii polepole. Siku ya Chafya nilikuwepo. Alipiga chafya mbili mfululizo, akajishtua mwenyewe, na dada yangu Mwantumu akacheka mpaka akaketi chini. Siku ya Kukunja Ngumi alikamata kidole cha mama yake, tukashindwa kukitoa bila kumwamsha, ikabidi Mwajabu ale kwa mkono mmoja. Siku ya Kugeukia Sauti, sauti ilikuwa yangu. Nilikuwa mlangoni naomba maji ya kunywa, na yeye akageuza kichwa kunitafuta. Hapo nikaacha kusoma. Mbuzi akaniwekea ubavu wake nikauegemea.

"Hii ni kalenda ya mwanangu," nikasema.

"Ni yake," akasema Msumari. "Hakuna mwingine anayeitumia."

Nikauliza miezi iko wapi. Msumari akanionyesha kwa shingo yake iliyopinda. Miezi ilikuwa imekaa uwandani kwenye mikeka ile niliyoiona kwenye karatasi, kila mwezi na mkeka wake, wametulia kama wageni waliofika kwenye shughuli wakaambiwa wenyeji wametoka. Mwezi wa Jino alikuwa ameshika kipande cha mhogo mbichi cha kutafunwa na ufizi. Mwezi wa Kusimama Dede alikuwa amekunjua mikono yote miwili mbele, tayari kudaka, na mikono inamtetemeka kwa uchovu. Mwezi wa Kumwaga Uji alikuwa na bakuli limejaa pomoni. Kwetu husemwa siku hazigandi. Huko zilikuwa zimeganda zote, uji nao umeganda, una utando juu.

Karibu nao alikaa Mwezi wa Kuuliza Kwa Nini.

"Kwa nini hatuitwi?" akaniuliza.

"Sijui," nikasema.

"Kwa nini hujui?"

Ilikuwa ndiyo kazi yake, sikumlaumu. Nikanyamaza, naye akaendelea kuniuliza kwa nini nimenyamaza.

Nyuma ya miezi ilikuwa imekaa miaka, safu hadi safu, mpaka macho yangu yakashindwa kufuatilia. Mwaka wa Sare ya Shule alikuwa amepiga pasi mpaka soksi. Mwaka wa Kununa alikuwa amegeukia upande wa pili. Mwaka wa Ndoa alikuwa ameshajipaka hina, na hina yenyewe ilikuwa imekauka imeanza kubanduka viganjani. Aliniamkia kwa heshima, akainamisha kichwa, akarudi kukaa. Nilitamani ardhi ipasuke. Nimechapa kalenda maisha yangu yote na sikuwahi kufikiri kwamba karatasi isiyochanwa inabaki mahali.

Ndipo nilipohisi joto.

Nageuka, na uwanda umekuwa baraza la zahanati. Hakuna aliyeuhamisha. Kwenye benchi amekaa mwanamke mnene, amevaa sweta ya wauguzi wa usiku, jasho linamtiririka. Amepakata mtoto. Nilimjua mtoto kabla sijauona uso: nywele zilikuwa zimelala upande mmoja.

"Wewe ndiye mwenye mtoto?" akauliza.

"Ni mimi."

"Afadhali umekuja. Mimi ni Siku ya Homa. Niko zamu tangu siku ile, mwenzangu hakuja kunipokea."

"Basi mweke chini, dada yangu, upumzike."

"Mtoto haachwi chini, baba. Hutoka mikononi mwa siku moja akaingia mikononi mwa nyingine. Nikimweka chini atadondokea nje ya kalenda."

"Na homa? Bado anayo?"

"Mimi ndiye Siku ya Homa," akasema. Hakusema kwa ubaya. "Akiwa kwangu atakuwa na homa tu. Sina kingine cha kumpa."

Nikamgusa mtoto paji la uso. Lilikuwa linaungua vilevile. Tangu tumzike, kila aliyekuja kutupa mkono wa pole alisema afadhali, amepumzika, nami nilijishikiza kwenye neno hilo moja. Kumbe hakuwa amepumzika. Alikuwa amekaa kwenye homa ileile, amefumba macho, anangoja kupokewa. Nililia palepale barazani, kwa sauti, na mbuzi akageuza uso ili nisione haya.

Siku ya Homa alingoja nimalize. "Kamtafute Siku ya Saba," akasema. "Fanya haraka. Mikono inaniisha nguvu."

Siku ya Saba tulimkuta matangani. Matanga yenyewe yalikuwa sebuleni kwangu. Makochi yametolewa nje, mikeka imetandikwa, na yeye peke yake ndiye aliyekaa, ameegemea ukuta, amejifunika kanga gubigubi. Pembeni yake kulikuwa na sahani yenye wembe mpya ambao haujatolewa kwenye karatasi yake, na bakuli la maji.

"Nilifika mpaka mlangoni kwenu," akasema nilipoketi. "Nimeoga, nimevaa, nimebeba vitu vyangu. Nikasikia kilio. Mimi nilitengenezwa kwa ajili ya mtoto yule, sina kazi kwingine. Ningefanya nini? Nikakaa matanga."

"Inuka sasa, mama. Mtoto yuko kwa mwenzako, anaungua."

"Siinuki mpaka matanga yaanuliwe. Ndiyo desturi."

"Nitayaanua mimi, sasa hivi."

"Utaanua matanga ya nani?" akauliza.

Nikakumbuka kwamba hana jina.

"Basi mpe jina," nikasema.

"Jina hutolewa siku ya saba."

"Si ndiyo wewe?"

"Mimi niko matangani."

Tulizunguka hapo kwa muda. Nilimsihi, nikamkasirikia, nikamsihi tena. Kila nilipomaliza alinijibu yaleyale, kwa upole uleule, na kila aliponijibu niliona ana hoja. Mwishowe mbuzi akakohoa. "Ndiyo maana mimi sina kazi," akasema.

Tukarudi kwa Msumari. Safari hii ukuta ulikuwa ule wa chumbani kwetu, ule anaoutazama Mwajabu. Nikamweleza mambo yalivyo.

"Najua," akasema Msumari. "Watu wote hukwama hapo. Dawa yake ni kiraka. Siku nyingine inaweza kupachikwa kwenye nafasi nyeupe, impokee mtoto. Ila itoke kwa mtu aliye hai, na iwe yake mwenyewe. Ikishapachikwa itakuwa ya mtoto. Kwako itakuwa haipo."

"Chukua Jumatatu iliyopita," nikasema.

Jumatatu akaja. Alikuwa mwembamba wa kutisha. Nilimmaliza mzima nimekaa kwenye kiti cha plastiki natazama sufuria tupu. Msumari alipomchoma tu, akachanika mpaka chini.

"Huyu habebi hata chafya," akasema Msumari. "Lete nzito."

Siku nzito ninayo moja. Ni ile aliyozaliwa. Nikaitaja, nayo ikaja mbio, ina harufu ya mafuta ya nazi, inacheka.

"Hii inabeba," akasema Msumari. "Lakini fikiri. Ukiitoa mwanzoni ukaipeleka mwisho, mwanzo hautakuwepo. Tutampa jina mtu ambaye hakuzaliwa."

Nikaiomba radhi siku ile, nikaibusu, nikairudisha ilikotoka. Kutoka barazani joto lilikuwa linatufikia, na nikamsikia Siku ya Homa akijisogeza kwenye benchi ili kubadilisha mkono.

Hapo kazi yangu ndiyo iliyoniokoa. Kalenda ya kuchana, watu huijua upande wa mbele tu, ule wa kuchana. Sisi tunaoitengeneza tunajua kwamba karatasi ya mwisho kabisa haining'inii na wenzake. Hubandikwa kwa gundi kwenye kadi ngumu, ili ibebe mzigo wa zote zilizotangulia.

"Nipe ya mwisho," nikamwambia Msumari.

"Siku yako ya mwisho?"

"Hiyohiyo."

"Utakufa mapema kidogo."

"Nimesikia."

Akaita. Ikachukua muda, maana ilikuwa inatoka mbali. Kisha nikamwona anakuja taratibu, Alhamisi mmoja mzee, ana mkongojo, amevaa shati langu ambalo bado sijalinunua. Mkono mmoja amebeba kikapu kilichofunikwa kitambaa.

"Tazama kwanza kilichomo," akasema Msumari. "Mtu hatoi siku asiyoijua. Baadaye huja kulalamika."

Nikafunua kitambaa. Kikapuni mlikuwa na asubuhi ya jua la kiasi, kikombe cha uji wenye pilipili manga, na kivuli cha upande wa baraza letu. Mlikuwa na sauti ya Mwajabu, sauti ya kizee, inaniuliza kama nimekula. Na chini kabisa mlikuwa na mkono mdogo wa mtoto, umeshika kidole changu.

"Huyu ni nani?" nikauliza.

"Mjukuu wako," akasema Alhamisi. "Huwa hasemi, amechelewa kusema. Siku yangu mimi ndiyo anayokuita kwa mara ya kwanza."

"Ananiitaje?"

"Hilo ndilo ambalo hutalijua ukinitoa."

Kwa hiyo nikafahamu kwamba tutapata watoto wengine, nao watapata wao. Haikunifariji kama watu walivyoahidi kwamba ingenifariji. Nilisimama pale nimeshika kitambaa, nikaitamani ile siku. Siwezi kusema uongo, niliitamani sana. Nilitaka nisikie neno hilo moja halafu nife. Ule mkono mdogo ulikuwa hauachi kidole.

Nikakitoa kidole changu polepole. "Nenda kampokee," nikamwambia Alhamisi.

Akapanda kwenye nafasi nyeupe, na nafasi nyeupe ikajaa. Hakuna kilicholia wala kung'aa. Ilikaa sawa tu, kama kiraka kilichoshonwa na mtu anayejua. Kisha tukawa barazani tena. Alhamisi akauegemeza mkongojo wake ukutani, akanyoosha mikono miwili mizee.

"Pole kwa zamu ndefu," akamwambia Siku ya Homa.

"Nimeshapoa," akasema yeye. "Mkamate vizuri kichwa."

Akamkabidhi. Mikono yake ilipobaki mitupu aliitazama kama si yake, akajilaza kwenye benchi, akapitiwa na usingizi. Na mtoto, akiwa mikononi mwa Alhamisi, akapiga chafya mbili. Nikamgusa paji la uso. Lilikuwa la baridi, baridi nzuri ya mtungi, na jasho la homa lilikuwa limekauka nyuma ya masikio.

Dada yangu Mwantumu akatokea na wembe wake, kama kawaida yake ameanza kusema kabla hajafika. "Mbona mlinificha mtoto siku zote hizi? Mnaniliza bure! Nywele zenyewe si hizi hapa?" Mwajabu alikuwa ameshaketi mkekani, miguu kaikunjua. Alhamisi akamwekea mtoto mapajani. Mwajabu hakunitazama, alikuwa na mtu wa kumtazama. Mbuzi akauliza kibla kiko upande gani, akaonyeshwa, akajilaza mwenyewe kwa ubavu wa kushoto, akavuta pumzi ndefu. "Hatimaye," akasema.

"Wewe baba yake kinga nywele," akasema Mwantumu. "Zisidondoke chini."

Nikakinga kiganja. Wembe ukapita, nywele zikaniangukia mkononi, laini, zenye uvuguvugu, sikuhisi uzito wake. Mwantumu akasimamisha wembe katikati ya utosi, akaniinamishia sikio. Kwetu mtoto asiye na jina la kurithi huitwa kwa siku anayonyolewa. Nikamnong'oneza. Naye akalitamka kwa sauti, watu wote wa nchi ile wakasikia.

Miezi yote ikasimama. Mwezi wa Kusimama Dede akashusha mikono. Mwezi wa Kumwaga Uji akamwaga uji wake chini, wote, bila kuambiwa. Mwaka wa Ndoa akajifunga ushungi. Nilidhani wanakuja kwetu, nikaanza kuwapisha. Hawakuja kwetu. Walikunja mikeka yao, wakaiweka kwapani, wakaondoka mmoja mmoja bila kuaga, kama waombolezaji wanavyoondoka matanga yakishaanuliwa. Siku ya Saba alikuwa wa mwisho. Alijifunua kanga, akamtazama mtoto kwa mara ya kwanza na ya mwisho, akasema ni mzuri kama alivyomdhania, akawafuata.

Nikamwita mtoto kwa jina lake, kwa sauti ndogo, nione kama atageuza kichwa.

Akageuza.

Nikakunja ngumi nisije nikamwaga nywele, na kwa kukunja huko nikaamka.

Kulikuwa kunapambazuka. Mwajabu alikuwa amekaa upande wake wa kitanda, ametazama ukuta, kalenda imening'inia kwenye msumari wake. Nje mbuzi alikuwa anatafuna kitu. Mkono wangu wa kulia ulikuwa umekakamaa, nikajaribu kuunyoosha ukakataa.

"Umeongea usiku kucha," akasema Mwajabu bila kugeuka. "Ulikuwa unabembeleza watu."

"Nimekuamsha?"

"Sikuwa nimelala." Ndipo akageuka, akauona mkono wangu juu ya shuka. "Mbona umekunja ngumi hivyo? Kama yeye."

Akauchukua mkono akauweka mapajani, akaanza kuvifungua vidole kimoja kimoja, kwa utaratibu ule aliokuwa akitumia kukitoa kidole chake asimwamshe mtoto. Kidole cha mwisho kilipofunguka tukaona wote wawili. Katikati ya kiganja, kwenye mkunjo, palikuwa na kishungi kidogo cha nywele. Zilikuwa nyeusi, laini, bado hazijajua kujisokota, na zote zimelala upande mmoja.

Hakuna mwenye nywele hizo nyumbani mwetu. Zangu zina mvi, nazo huwa nazinyoa.

Mwajabu hakuuliza zimetoka wapi. Akainama akazinusa, akafumba macho. Kisha akaniuliza, taratibu, kama anayeogopa jibu litavunjika:

"Umemwita nani?"

"Mwanahamisi."

Akalisema kwanza kwa midomo tu, bila sauti. Akalisema tena, kwa sauti ya chini. Mara ya tatu lilitoka na kilio, kilio kikubwa ambacho nilikuwa nakingoja tangu makaburini, "Mwanahamisi, mwanangu, Mwanahamisi," akaniangukia kifuani, na kile kiganja akakifunga kwa mikono yake yote miwili.

Dada yangu Mwantumu akaja mbio kutoka chumba cha pili, kanga moja begani, akasimama mlangoni ameshika kifua.

"Jamani, nani tena?" akasema. "Nani kafa?"

"Mwanahamisi," nikamwambia. "Mwanahamisi wetu."